Kuku Watatu wa Kabatini

Aliyenisimulia haya ni Chiriku mwenyewe, mwezi wa pili mwaka huu, asubuhi aliyokuja kuwachanja kuku wangu. Alipomaliza alinawa mikono mpaka kwenye viwiko, akakaa, akaanza. Mimi nilikuwa nachambua maharage. Mpaka anafika mwisho, maharage yale nilikuwa nimeyachambua mara mbili. Nawaandikieni ninyi wajukuu kama alivyonieleza.

Wakati wa mambo haya alikuwa na miaka kumi na miwili. Chiriku si jina lake, ni la kupachikwa, kwa sababu alikuwa haishiwi maneno. Mwalimu wake alisema mtoto huyu ukimziba mdomo ataongea kwa pua. Aliishi na mama yake na mdogo wake, aliyeitwa Kitinda kwa kuwa alikuwa wa mwisho, katika nyumba ya vyumba sita yenye ua mmoja, bomba moja na choo kimoja. Chumba chao kilikuwa cha pili. Cha tatu alikaa Fundi, mama mtu mzima asiye na mume wala mtoto, aliyeshona nguo za mtaa mzima. Ukuta kati yao ulikuwa mwembamba. Fundi akipiga chafya upande ule, Mama husema "Afya!" upande huu bila kuinua kichwa.

Mama alifanya kazi kwenye mabanda ya kuku nje kidogo ya mji. Yalikuwa mabanda sita marefu, na kila moja lilikuwa na kuku wa nyama elfu nane. Kuku hao walikuwa wa mbegu moja na umri mmoja, weupe wote, wamebanana kiasi kwamba mmoja akitaka kugeuka, jirani yake ampishe kwanza. Hewa ya ndani iliwasha macho. Mama aliondoka alfajiri, na kazi yake ya kwanza ilikuwa kupita banda la nne akiokota waliokufa na kuwatia kwenye ndoo.

Alirudi saa tisa alasiri. Alikaa kwenye kizingiti kama mzigo uliotuliwa, akanyoosha miguu, na Chiriku akamvua viatu.

"Polepole, mwanangu. Kidole hicho si cha kwangu tena, ni cha mwajiri."

"Leo ndoo ngapi, Mama?"

"Moja. Na nusu ya maneno yako. Niache nipumue."

Kisha Chiriku alichukua mifuko mitupu ya chakula cha kuku ambayo Mama alirudi nayo. Wafanyakazi waliruhusiwa kuichukua, maana ilifaa kubebea mkaa na kuziba paa. Chiriku aliikung'uta uani, na punje zilizobaki kwenye mishono zikaanguka. Punje hizo zilikuwa na wenyewe: kuku watatu waliofungwa kamba na kufichwa kwenye kabati bovu la nguo nyuma ya bafu. Kitinda aliwaita Askari, Mwalimu na Bibi Harusi.

Walifichwa kwa sababu ya kazi. Siku Mama alipoajiriwa aliweka sahihi kwenye karatasi iliyosema mfanyakazi wa mabanda haruhusiwi kufuga kuku nyumbani, hata mmoja. Anayefuga atafukuzwa.

"Kwa nini?" aliuliza Chiriku.

"Sikuuliza. Karatasi ikiwa na mistari mingi, mtu hutafuta pa kuweka sahihi tu."

Lakini kuku walikuwapo kabla ya kazi, na Kitinda alikuwa mtoto dhaifu aliyehitaji mayai. Wapangaji wote walijua siri hiyo. Fundi alipelekewa mayai mawili kila Jumamosi, na mdomo wake ukawa umeshonwa kwa uzi mara mbili.

Basi, wiki moja ya joto Mama alirudi Jumatatu akasema ndoo mbili. Jumatano, tatu. Alhamisi hakukaa kizingitini, alikwenda moja kwa moja kitandani na viatu vyake.

"Ndoo nne," alisema akiangalia dari. "Wengine vichwa vimevimba. Nimemwambia msimamizi, kasema ni joto. Katia dawa kwenye maji ya banda zima, wazima na wagonjwa wanywe pamoja."

"Sasa kwa nini hawamwiti daktari wa mifugo?"

"Kasema akija daktari, mabanda yatafungwa. Kesho malori yanakuja kuwabeba walio hai wakauzwe mapema. Kasema pia atakayepeleka maneno nje asirudi. Na yeye ana mkubwa wake, Chiriku. Kila mtu pale ana mtu wa kumwogopa."

"Na mifuko hii umeitoa banda lipi?"

Mama alikuwa ameshalala.

Jumamosi asubuhi Chiriku alifungua kabati akamkuta Bibi Harusi amelala ubavu, miguu imenyooka, kilemba cha kichwani kimegeuka rangi ya zambarau. Mama alikuwa anafunga kitambaa kichwani tayari kwa kazi. Aliangalia, akamalizia fundo la kitambaa.

"Mfukie nyuma ya choo. Chimba shimo refu. Na usimwambie mtu, unanisikia? Msimamizi akisikia tuna kuku, na kuku wenyewe wanakufa, atasema sisi ndio tuliopeleka ugonjwa bandani."

Chiriku alimfunga kuku kwenye gazeti, akachukua jembe. Hakufika mbali. Fundi alikuwa bombani anajaza ndoo.

"We Chiriku, unamzika nani asubuhi yote hii bila kutangaza msiba?"

"Kuku, Bibi."

"Kafanyaje?"

Mara hiyo moja, mtoto wa maneno mengi alikosa neno. Akisema kaumwa, Fundi atauliza kaumwa nini, na swali moja la Fundi lilikuwa na watoto kumi. Akashika lililo karibu.

"Kanyongwa na kamba yake. Sasa hivi tu."

"Na mnamfukia? Kuku mzima wa afya?" Fundi aliweka ndoo chini. "Wahenga walisema kuku wa maskini hatagi. Kumbe akitaga wanamzika! Lete hapa. Damu haijapoa, mimi namchinja hivyo hivyo namla. Nina miezi sijaona nyama, meno yamesahau kazi."

"Lakini, Bibi, Mama kasema..."

"Mama yako ana kuku elfu arobaini na ushei huko kazini, hana hamu. Lete."

Chiriku alimpa. Aliniambia kwamba mpaka leo anakumbuka uzito wa lile gazeti lilipotoka mikononi mwake. Alisimama na jembe akimtazama Fundi anavyomnyonyoa kuku juu ya beseni, manyoya yamemganda mpaka kwenye nyusi, anaimba. Alifikiri, labda akipikwa sana hakuna neno. Kwa kweli nyama iliyopikwa ikaiva haikuwa hatari yenyewe. Hatari ilikuwa pale pale kwenye beseni, kwenye damu, manyoya na vumbi lake. Lakini hilo Chiriku hakulijua.

Jumatatu Askari na Mwalimu walikufa pia. Mama aliwafukia mwenyewe alasiri, akavunja kabati, akachoma mbao zake. Kitinda alilia, akaambiwa kuku wamekwenda kutembea kwa ndugu zao. Alikuwa na miaka minne tu, lakini alimtazama mama yake kama anavyotazamwa mwongo.

Jumanne cherehani ya Fundi haikulia. Kikohozi ndicho kilicholia, kikavu, mfululizo, kikipenya ukutani. Mama alikuwa amelala chali, miguu ameiegemeza ukutani ipungue uvimbe. Alisikia. Hakusema "Afya."

Chiriku alimpelekea Fundi uji. Alimkuta amejifunika shuka kwenye joto lile, macho mekundu.

"Sketi yako ya shule iko mezani," alisema Fundi. "Imebaki pindo tu. Nikisimama chumba kinazunguka. Mbona umekuwa bubu siku hizi? Wamekunyonga na wewe kwa kamba?"

Alicheka, kicheko kikageuka kikohozi, naye akaegemea ukuta mpaka kikaisha. Chiriku aliweka uji chini akatoka mbio.

Jumatano akaja bwana mifugo. Bwana mifugo huyo alikuwa mwanamke, mrefu, mwenye buti za mpira na begi la ngozi, ila watu wamezoea kuita hivyo, naye aliitika bila kuchoka. Alipita nyumba kwa nyumba. Kuku walikuwa wanakufa kwenye soko moja mjini, wale waliobebwa na malori Ijumaa, na alitaka kujua wametoka wapi na nani mwingine ana kuku wanaokufa.

"Nyinyi hapa mnafuga?" alimuuliza Mama.

"Hatufugi."

Bwana mifugo alitazama chini. Uani palikuwa na punje mbili tatu za chakula cha kuku. Alimtazama Chiriku. Chiriku alitazama kidole cha mguu wake.

"Nitakuwa hospitalini siku mbili tatu hizi, naulizia wagonjwa," alisema polepole. "Mwenye neno anifuate pale. Simkamati mtu. Natafuta ugonjwa."

Alipoondoka Chiriku alimfuata mama yake ndani.

"Mama, Fundi alimnyonyoa Bibi Harusi. Nilimwambia kanyongwa na kamba."

Mama alikaa kitandani. Alitazama mikono yake, iliyokuwa imechubuka kwa dawa za kusafishia.

"Ulimpa?"

"Alininyang'anya. Hapana. Nilimpa."

"Mwanangu, mimi nimechoka," alisema Mama, na sauti yake haikuwa ya ukali. "Nimechoka mpaka kwenye mifupa. Nikikosa kazi hii, wewe na Kitinda mtakula ukuta? Ya Fundi ni mafua tu. Subiri kidogo. Atapona."

Alhamisi Chiriku akiwa shuleni, majirani walimbeba Fundi kwa mkokoteni wa muuza maji kumpeleka hospitali. Aliporudi alikuta chumba cha tatu kimefungwa kwa kufuli. Sketi ilikuwa imetundikwa kwenye msumari wa mlango, na pindo lilikuwa limeshonwa, mishono mikubwa iliyopinda kama ya mtoto anayejifunza. Fundi, ambaye mshono wake mtaa mzima uliusifia kwa kunyooka, alikaa na homa ile akaimaliza sketi.

Chiriku hakungoja mama yake. Alikwenda hospitali kwa miguu, na begi la shule mgongoni.

Muuguzi alimzuia mlangoni. "Wodi hii watoto hawaingii. Unamtaka nani?"

"Fundi. Mshonaji. Yukoje?"

"Wewe ni mjukuu wake?"

"Jirani. Ukuta mmoja."

Muuguzi alipunguza sauti. "Kifua kimebana. Dawa tunazompa hazimsaidii. Tulimuuliza kama amegusa kuku mgonjwa, maana kuna habari za kuku mjini. Kasema alichinja mmoja tu, na huyo alikuwa mzima, kamba ndiyo iliyomnyonga."

Hapo ndipo mtoto yule alipoelewa. Uongo wake ulikuwa umeingia hospitalini kabla yake, ukakaa kitandani na mgonjwa, na kila daktari akiuliza, huo ndio unaojibu.

"Hakunyongwa," alisema. "Mimi nilidanganya. Alikufa usiku. Kilemba kilikuwa zambarau. Na wengine wawili wakafa. Na Mama anafanya kazi mabandani, na kule ndoo zimefika nne, na mimi nilikuwa nakung'uta mifuko..." Maneno yote ya wiki nzima yalitoka kwa pamoja, hata muuguzi akamshika bega.

"Simama hapo hapo. Usiguse kitu. Usiondoke." Akaita, "Daktari! Na bwana mifugo, yuko wapi bwana mifugo?"

Walimpa Chiriku barakoa, wakamkalisha benchi la nje peke yake. Fundi alibadilishiwa dawa saa ile ile, akahamishiwa chumba cha pembeni. Daktari alisema dawa hiyo inafaa zaidi ikianza mapema, na kwamba angechelewa siku mbili nyingine asingekuwa na la kuahidi.

Jua lilikuwa limeanza kulala upande wa pili wa uwanja Chiriku alipomwona mama yake anakuja, Kitinda mgongoni, viatu vya kazi mguuni. Majirani walikuwa wamemwambia mtoto kaelekea wapi. Alisimama mbele ya benchi akihema.

"Umesema?"

"Nimesema, Mama."

Chiriku alingoja kofi au matusi. Mama alikaa benchini, upande ule wa mbali alioonyeshwa na muuguzi. Alimtua Kitinda. Kisha akamtazama bwana mifugo aliyekuwa ameshika daftari.

"Mtoto hajui yote," alisema. "Andika. Ijumaa zilikuwa ndoo sita. Leo nimeacha kuhesabu, tunabeba kwa toroli. Banda la nne lilianza, la tatu likafuata. Mizoga inatupwa kwenye shimo karibu na kijito. Malori yalibeba mara mbili. Naweza kukuonyesha."

"Umefanya vyema," alisema bwana mifugo.

"Mimi sijafanya kitu. Nimetanguliwa na mtoto."

Siku iliyofuata mabanda yalifungwa na serikali. Watu wenye mavazi meupe ya kufunika mwili mzima waliingia, na kuku wote wakateketezwa. Mama hakufukuzwa, kwa sababu kazi yenyewe haikuwapo tena. Nyumba ya vyumba sita iliwekwa chini ya uangalizi siku kumi. Hakuna aliyetoka, na muuguzi alikuja asubuhi na jioni kupima homa. Wapangaji walinuna. Mmoja alisema uani, kwa sauti ya kusikika, kwamba kuna watu mdomo wao ni kengele. Chiriku alisikia. Siku ya tatu Kitinda alipata joto mwilini, na Mama alikesha ameshika mkono wake. Wakapima, ikawa ni sikio tu.

Siku ya kumi bwana mifugo alikuja mwenyewe kuwafungulia. Chiriku alimuuliza swali alilokaa nalo siku zote hizo.

"Sisi ndio tuliopeleka ugonjwa mabandani, au mabanda ndiyo yaliyotuletea?"

Bwana mifugo alivuta ndoo akaigeuza, akaikalia.

"Kuku wenu walikufa siku nyingi baada ya wale wa banda la nne. Kwenu ugonjwa uliletwa na mifuko, na pengine viatu. Kule bandani uliingia vipi, bado tunatafuta. Ndege wa porini huwa nao, pengine walichafua maji. Lakini nisikilizeni. Kirusi kikiingia kwenye kabati la kuku watatu, kinaua watatu kinakwama, hakina pa kwenda. Kikiingia kwenye kuku elfu nane waliobanana, wa mbegu moja, kimepata shule. Kila kuku ni darasa. Kinarudia somo mara elfu kwa elfu, na kila kikirudia kinaweza kubadilika kidogo. Siku kikijifunza kuingia kwa binadamu, wa kwanza kukutana nacho ni mwokota mizoga na jirani yake."

"Kwa hiyo ile karatasi ilikuwa na haki?" aliuliza Mama.

"Nusu. Ni kweli mfanyakazi wa mabanda asifuge. Lakini walipaswa kukwambia kwa nini, wakupe viatu vya kuacha kule kule na maji ya kuoga, wasikupe mifuko ya bandani, na wasiwabananishe kuku namna ile. Na zilipofika ndoo mbili, waniite. Wao walificha ndoo, nyinyi mkaficha kabati, na ugonjwa ukapita katikati ya wanyamavu, haukuulizwa na mtu unakwenda wapi." Akamgeukia Chiriku. "Mnyama akifa bila sababu unayoijua, usimguse kwa mikono mitupu, usimpe mtu, usimdanganye mtu. Sema siku ile ile. Ulichelewa siku tano, binti. Ungechelewa saba, tungekuwa tunaongea mengine. Lakini ulisema, na ukasema wakati ambapo kunyamaza kulikuwa na faida kwako. Huo ndio ukweli wenye uzito. Ule usiogharimu kitu, hata kasuku anao."

Alimwambia Mama pia kwamba ofisi yake inatafuta mtu wa kupita mitaani kufundisha wafugaji wadogo, mtu aliyeyaona mabanda kwa macho yake. Mama alisema atafikiria. Alisema hivyo kama mtu ambaye kufikiri kwenyewe ni kazi ya kesho.

Fundi alirudishwa mchana huo huo, amekonda, shingo imebaki kama mpini. Chiriku alisimama mlangoni kwake, ameshika mlango.

"Bibi, nisamehe. Kamba ile..."

"Niliisikia habari ya kamba," alisema Fundi akiketi mbele ya cherehani yake. "Walinieleza wote, daktari, muuguzi, mpaka mfagiaji. Kamba ndefu hiyo, ilinivuta mpaka wodini." Alichomeka uzi kwenye sindano. "Lakini uliikata mwenyewe mwishoni. Lete hiyo sketi niifumue pindo. Mtu akiona mshono ule atasema Fundi alikuwa mlevi."

Saa tisa alasiri nyumba ilitulia. Kitinda alikuwa amelala mkekani, kidole mdomoni. Upande wa pili wa ukuta cherehani ililia kidogo, ikasimama, ikalia tena. Kisha Fundi akapiga chafya moja kubwa, ya vumbi la nguo zilizokaa wiki mbili bila kuguswa.

Chiriku alingoja mama yake aitikie. Akageuka. Mama alikuwa kitandani, viatu vya kazi vimewekwa mbali nje ya mlango, miguu mitupu, mkono umening'inia. Alikuwa amelala usingizi wa mchana kweupe, mlango wazi, bila siri yoyote ya kulinda uani.

"Afya, Bibi!" Chiriku akamjibia.

Cherehani haikulia tena, na mkoromo mwembamba wa Fundi ukaanza kupenya ukutani, taratibu, bila kikohozi hata kimoja. Chiriku akaurudisha mkono wa mama yake kitandani, akajibana pembeni yake pale palipobaki nafasi. Alitaka kusema kitu kimoja zaidi, alikuwa nacho mdomoni. Usingizi ukamchukua kabla hajakisema.